Dawa ya deni ni kulipa, hata kwa forodha

Mwenye shamba la maua Naivasha akilipa ushuru wa forodha pungufu, Mamlaka ya Ushuru ya Kenya (KRA) ina miaka 5 ya kumdai kilichobaki, na akichelewa anatozwa riba ya asilimia 2 kwa mwezi. Akilipa kupita kiasi, ana miezi 12 tu ya kuomba arudishiwe. Masharti yote mawili yamo katika Sheria ya Usimamizi wa Forodha ya Jumuiya ya Afrika Mashariki ya mwaka wa 2004, vifungu vya 135 na 144. Tofauti hiyo haina utetezi. Anayedai na anayedaiwa wapewe muda sawa.

Kosa lenyewe hutokea kirahisi. Vifaa vya kunyunyizia maji vikiandikwa kuwa vipuri vya mitambo vinaweza kuingia bila ushuru. Vikihesabiwa kuwa bidhaa za plastiki zilizokamilika, vinaweza kutozwa asilimia 25. Kwa mzigo wa shilingi milioni 4, hiyo ni milioni 1, na VAT ya asilimia 16 juu ya ushuru huo inaongeza 160,000. Kontena likiwa Mombasa au katika bohari ya Naivasha, gharama zinapanda kila siku, kwa hivyo mwenye mzigo analipa kwanza ili atoe mali yake. Mkaguzi wa hesabu akigundua kosa mwaka wa pili, muda umeshapita. Ngazi za rufaa zipo: siku 30 za kumwomba Kamishna apitie uamuzi wake, siku 45 za kwenda katika Jopo la Rufaa za Ushuru, kisha Mahakama Kuu. Lakini ombi lililochelewa linaweza kukwama kwenye tarehe, kabla yeyote hajauliza kama pesa hizo zilitozwa kihalali.

Wapo watakaosema serikali haiwezi kupanga bajeti ikiwa inaweza kudaiwa mapato ya miaka iliyopita. Hoja hiyo ina uzito, ila mfanyabiashara pia ana bajeti, na sheria imeona anaweza kuishi na hofu ya kudaiwa kwa miaka 5. Umoja wa Ulaya, wenye forodha ya pamoja, kwa kawaida unatoa miaka 3 ya kudai na miaka 3 ya kuomba kurudishiwa, na bajeti zake hazijaporomoka kwa sababu hiyo. Wengine wanahofia madai ya uongo. Hata hivyo, sheria hii hii inawataka waagizaji watunze nyaraka zao kwa miaka 5, kwa hivyo ushahidi ambao KRA inautumia kumdai mtu unatosha pia kupima ombi lake. Hoja nzito zaidi ni kwamba ushuru ulishapitishwa kwa mnunuzi kupitia bei, na kumrudishia mwagizaji ni kumlipa mara mbili. Pale KRA itakapothibitisha hilo, ombi likataliwe. Lakini muuzaji wa maua anayeshindana katika mnada wa Uholanzi hapangi bei yake mwenyewe; hasara hiyo inabaki shambani, na mwishowe inawagusa vibarua.

Katiba yetu, kifungu cha 210, inakataza kutoza kodi isipokuwa kwa mujibu wa sheria. Pesa zilizochukuliwa kwa makosa hazigeuki kuwa kodi halali kwa sababu mwaka umekwisha. Mwaka wa 1992, katika kesi ya Woolwich, majaji wa juu wa Uingereza waliamua kwamba anayelipa kwa dai la kodi lisilo na msingi wa sheria ana haki ya kurudishiwa. Bunge la Nairobi haliwezi kurekebisha hili peke yake, kwa kuwa sheria ni ya Jumuiya nzima; njia inapitia Baraza la Mawaziri na Bunge la Afrika Mashariki, Arusha. Vyama vya wakulima wa maua na wafanyabiashara wa Nakuru vipeleke pendekezo moja lililo wazi: kifungu cha 144 kisomeke miaka 5, sawa na cha 135. Wawakilishi wetu huko Arusha waulizwe hadharani kama wako tayari kulitetea.