Kifungo na Kisimuliwe Chote

Marehemu ami yangu, Mola amrehemu, alikaa kizuizini miaka kadhaa baada ya Mapinduzi ya Januari 1964. Nyumbani kwetu Muscat kila mtu alilijua jambo hilo na hapana aliyeliuliza. Sisi watoto tulijua tu kwamba ami halali mlango ukifungwa. Alipokaribia umri wa miaka 80 ndipo alipokubali kuzungumza hadharani, mbele ya ukumbi uliojaa watu.

Alieleza njaa, kunguni, na usiku wa kusikiliza majina yakiitwa. Watu walilia. Kisha akamtaja askari jela mmoja aliyekuwa akimpenyezea kipande cha mkate na salamu za mama yake. Hapo baadhi ya jamaa zetu walinuna. Kwa nini kumsifu mtu wa upande ule, tena mbele za watu?

Mimi naona alifanya haki. Maneno ya ndani ya nyumba hayana wa kuyasahihisha. Kila kizazi huyatia chumvi yake, hata yakawa chuki isiyo na tarehe wala mahali. Anayesema hadharani huweza kuulizwa: lini, wapi, na nani mwengine alikuwepo? Siku ile mzee mmoja aliyefungwa naye alisimama akamrekebisha mwezi. Ami alifikiri kidogo, akakubali. Kwangu mimi, hapo ndipo kisa cha ukoo wetu kilipoanza kuwa historia.

Wala si upande mmoja tu ulioonja jela. Sheikh Ali Muhsin Al-Barwani, waziri wa mambo ya nje wa serikali iliyopinduliwa, alifungwa miaka kumi bila ya kuhukumiwa, akaja kuandika kumbukumbu zake. Adam Shafi, aliyeyatetea Mapinduzi katika riwaya yake *Kasri ya Mwinyi Fuad*, naye alitiwa ndani katika kamatakamata iliyofuata kuuawa kwa Rais Karume mwaka 1972, na *Haini* yake ya mwaka 2003 imetokana na masaibu hayo. Anayemsoma mmoja akamwacha mwenzake ameijua nusu ya msiba wa Zanzibar.

Nazijua hoja za wanaopinga. Wapo wanaohofia ndugu zetu waliobaki Unguja na Pemba. Wapo wanaoona ni kumvunjia mzee heshima kumsikiliza akieleza alivyodhalilishwa. Hoja hizo zina uzito, na mzee aliyechagua kunyamaza asisumbuliwe. Kimya chake ni haki yake. Lakini aliyechagua kusema, sisi tusiokula ugali wa jela hatuna mamlaka ya kumpimia maneno. Tukiyapokea mateso yake na kuutupa ule mkate, tutakuwa tumemfanya shahidi wa kesi yetu, si ya kwake.

Ami alifariki miaka miwili baada ya siku ile. Kanda ya sauti yake ninayo mimi, na sasa naitayarisha kwa ajili ya wajukuu, ambao wengi wao hawajaiona Zanzibar. Nimeombwa, kwa upole na kwa heshima, nikiondoe kipande cha yule askari.

Sitakiondoa. Ami alipofika hapo alinyamaza kidogo, akalitaja jina la yule mtu mara mbili, ili tusilisahau.