Gari dogo lipendeze, lakini lisilie kama bunduki

MAONI – Katana, teritwari ya Kabare, Kivu Kusini

Vijana wa Katana wanaopenda magari hawana kosa kwa kuyapenda. Kwenye barabara ya kitaifa namba 2, inayotoka Bukavu, ikapita Kavumu na Katana na kuendelea hadi Kalehe, gari dogo lenye mlango wa nyuma unaofunguka juu ni duka, ni teksi, ni gari la wagonjwa, na siku nyingine ni gari la kukimbilia. Toyota Starlet, Vitz na Ist, ile ambayo Kinshasa wanaiita ketch, zinajulikana na kila mtoto wa hapa. Mwenye nayo akipata pesa kidogo, hataki ibaki kama ilivyotoka Japani. Anabadilisha rimu, anaipaka rangi, anaweka taa za buluu, anaishusha au anaiinua. Wengine wanakata bomba la moshi ili gari lisikike kabla halijaonekana.

Wazee wanasema huo ni uhuni. Vijana wanasema ni kazi na ni heshima. Kila upande una sehemu ya ukweli. Lakini kuna jambo moja lisilofaa kuendelea: gari linalotengenezwa makusudi lilie kama risasi, katika mahali ambapo familia nyingi zimekimbia risasi.

Kwanza, wapenzi wa magari wapewe haki yao. Starlet haikupata jina kwa bahati. Ilianza kuuzwa mwaka 1973 na ikaacha kutengenezwa mwaka 1999, nafasi yake ikachukuliwa na Vitz, ambayo Ulaya waliiita Yaris. Ni gari la chini ya tani moja, lenye injini ndogo ya lita 1.3 ambayo fundi anaweza kuifungua na kuifunga kwa spana za kawaida. Toyota yenyewe ilionyesha kwamba gari hilo linaweza kupewa nguvu: Starlet GT Turbo na baadaye Glanza V, zilizouzwa Japani miaka ya 1990, zilitoa nguvu za farasi 135 kutoka kwenye injini ya lita 1.3 ileile. Kwa gari jepesi namna hiyo, hizo ni nguvu nyingi. Ndiyo sababu hadi leo, kuanzia Kampala hadi Dar es Salaam, wapo watu wanaozitafuta gari hizo kama wengine wanavyotafuta ng'ombe wa maziwa.

Pia ufundi wa hapa usidharauliwe. Gari nyingi zilizotumika Japani huja na usukani upande wa kulia, na Kongo magari hupita upande wa kulia wa barabara. Dereva wa gari kama hilo akitaka kulipita lori, hawezi kuona mbele bila kutoa nusu ya gari upande wa wanaokuja. Fundi anayehamisha usukani kwenda kushoto amefanya mabadiliko makubwa kuliko rimu zote za duniani, na maisha ya abiria yapo kwenye mikono yake. Katika gereji hizo za pembeni ya barabara, kijana aliyehama kwao bila kitu anaweza kushika spana, akajifunza kwa kuangalia, na jioni akapeleka unga nyumbani. Kazi hiyo ni ya kulindwa.

Sasa lile bomba la moshi. Mlio wa kupasuka unaotoka nyuma ya gari, ule wa pa, pa-pa, hauna siri. Esansi ambayo haikuungua ndani ya injini inapita na kuwakia kwenye bomba la moto. Wengine wanasogeza makusudi wakati wa cheche ili jambo hilo litokee kila dereva anapoachia mguu. Chombo cha kupunguza sauti kikiwa kimekatwa, mlio unatoka wote. Kwa kijana aliyekaa ndani ya gari ni burudani. Kwa mama aliyelala na watoto wanne katika nyumba ya kuazima, ni kitu kingine kabisa.

Goma ilitekwa mwishoni mwa Januari 2025. Katikati ya Februari 2025 vita vikafika Kavumu na Bukavu. Watu wa mhimili huu wote, kutoka Minova hadi Bukavu, wanajua maana ya kusikia mlio na kuhesabu: umetoka upande gani, uko mbali kiasi gani, watoto wako wapi. Masikio yaliyojifunza hivyo hayasahau kwa sababu tu gari lililopita lina rangi nzuri. Mtoto anajificha chini ya kitanda. Mzee anashika begi lililofungwa tayari. Jirani anaona jirani anakimbia, naye anakimbia. Katika mahali kama hapa mlio mmoja wa uongo unaweza kuwatoa watu wengi nje usiku, na aliyeanguka gizani au aliyepoteza mtoto kwenye msongamano hataambiwa pole na mwenye gari, kwa sababu mwenye gari ameshafika Kalehe.

Tena kuna hospitali. Fomulac ya Katana inapokea wagonjwa kutoka pande nyingi za Kabare na Kalehe. Mtu aliyefanyiwa upasuaji asubuhi hahitaji kushtuliwa jioni.

Sheria nayo haiko kimya. Kongo ina sheria ya barabara ya tarehe 30 Agosti 1978, na ni mwanachama wa Mkataba wa Vienna wa mwaka 1968 juu ya usafiri wa barabarani, unaotaka gari la injini ya kuchoma mafuta liwe na chombo cha kupunguza sauti kinachofanya kazi vizuri. Kukata chombo hicho hakuwezi kuitwa mtindo tu.

Lakini hata mtu asiyejali sheria wala jirani angefaa kusikia hili: kukata bomba hakuongezi mbio zinazofaa kutajwa. Starlet au Vitz ya kawaida, isiyo na turbo, inavuta hewa kwa nguvu zake yenyewe. Ziwa Kivu liko karibu mita 1,460 juu ya usawa wa bahari, na katika urefu huo hewa ni nyepesi. Injini kama hiyo inapoteza takribani sehemu moja kati ya saba ya nguvu iliyokuwa nayo kule Mombasa au Dar es Salaam. Bomba lililokatwa halirudishi hewa hiyo. Linaongeza kelele, na kelele inamdanganya dereva kwamba gari linakimbia.

Nguvu zilizopotea hapa mara nyingi zimepotea kwenye vitu visivyo na sifa: kichujio cha hewa kilichojaa vumbi, bujia zilizochoka, mafuta ya injini yaliyopitisha muda, tairi zisizo na upepo wa kutosha. Wapo wanaoondoa kichujio cha hewa kabisa ili injini ingurume. Wakati wa kiangazi, vumbi la barabara yetu linaingia moja kwa moja ndani ya silinda na kuzisugua kama msasa. Baada ya muda gari linatoa moshi wa buluu, linakula mafuta ya injini, na pesa ya rimu inakwenda kwenye kufungua injini.

Jambo kubwa zaidi ni breki. Gari likienda kilomita 80 kwa saa, linapita mita 22 katika kila sekunde. Dereva akishtuka sekunde moja tu kabla ya kukanyaga, ameshakula mita 22 bila gari kupunguza chochote. Na mwendo ukiongezeka mara mbili, kutoka 40 hadi 80, kazi ya breki haiongezeki mara mbili bali mara nne. Pembeni ya barabara hiyo kuna nini? Kuna wanafunzi, kuna mama wenye mizigo ya ndizi mgongoni, kuna pikipiki, kuna mbuzi, na kuna familia zinazohama kwa miguu na godoro kichwani.

Ongeza uzito. Gari lililotengenezwa kwa watu 5 linabeba 7 au 8, na magunia nyuma. Watu 8 wa kilo 60 ni kilo 480, yaani nusu ya gari lenyewe au zaidi. Breki zilezile, ngozi zilezile zilizosuguliwa, ndizo zinaombwa kusimamisha mzigo huo kwenye mteremko. Mwenye gari wa namna hiyo aliyenunua taa za buluu kabla ya breki mpya amevaa tai bila shati.

Springi nazo zina hesabu yake. Anayekata springi ili gari likae chini anaharibu kitu kilichopimwa: springi fupi inaweza kuchomoka mahali pake gari likiruka, na barabara hii ina mashimo ya kuliruka. Anayeliinua kwa kuweka vipande juu ya springi amelisaidia lisiguse mawe, na kwa hapa hilo ni jambo la akili, lakini gari lililo juu zaidi linapinduka kwa urahisi zaidi kwenye kona. Basi anayeinua apunguze mwendo na asifunge mzigo juu ya paa. Na zile taa nyeupe kali za LED zikiwekwa ndani ya taa zilizotengenezwa kwa balbu za zamani, mwanga haukai chini barabarani. Unatawanyika na kuingia machoni mwa anayekuja, ambaye kwa sekunde kadhaa haoni mtu anayetembea pembeni.

Wanaopenda mbio kweli wanajua mambo haya. Ng'ambo ya ziwa, Rwanda ina mashindano ya Mountain Gorilla Rally. Uganda ina Pearl of Africa Rally. Kenya ina Safari Rally tangu mwaka 1953. Katika mashindano ya namna hiyo gari halianzi kabla ya kukaguliwa: breki, tairi, mikanda, vyuma vya kulinda kichwa likipinduka. Barabara inafungwa, raia wanaondolewa. Dereva bingwa hutengeneza kwanza namna ya kusimama, ndipo anatafuta namna ya kukimbia. Anayeanza na kelele hajaiga mashindano hayo. Ameiga sauti yao tu.

Wapo watakaosema: nchi ina vita, watu wamekosa chakula, na bado mtu anapata muda wa kuzungumzia bomba la moshi? Swali hilo ni la haki. Jibu ni kwamba mizinga haiko katika uwezo wa mtu wa Katana. Hawezi kuamuru inyamaze. Bomba la Starlet liko katika uwezo wake. Katika mahali ambapo mambo mengi yanaamuliwa na wengine, kelele hii ni moja ya chache ambazo majirani wanaweza kuzimaliza wao kwa wao, kabla ya Jumapili ijayo.

Wengine wana hofu nyingine, nayo ina msingi: jambo likigeuzwa kuwa la faini, kesho kutakuwa na kizuizi kingine barabarani, na dereva maskini atalipa hata kama bomba lake ni zima. Kwa hiyo dawa isitafutwe kwenye vizuizi. Itafutwe gereji.

Mafundi wenyewe wanaweza kukubaliana juu ya mambo matatu. La kwanza, fundi asikubali kukata chombo cha kupunguza sauti wala kulichezea gari ili lipasue, hata akipewa pesa, na aliyekwisha kukata arudishiwe kwa bei ya kazi tu. La pili, mteja akileta gari kwa rimu au rangi, breki ziangaliwe kwanza na aambiwe hali yake mbele ya watu. La tatu, usukani uliohamishwa ukaguliwe na fundi wa pili kabla ya gari kurudi kubeba abiria. Kazi haitapungua kwa hayo. Breki, kichujio na springi nzima zinalipa kuliko kukata chuma kwa msumeno.

Machefu wa vijiji na viongozi wa parokia wana sehemu yao: kuwaita vijana na familia zilizohama wakae pamoja, kijana amsikie mama huyo akieleza kinachompata usiku. Kijana wengi hawajawahi kuambiwa; wamefokewa tu. Abiria nao wana neno. Anayelipa nauli anaweza kumwambia dereva apunguze, na akikataa, ashuke na kungoja gari lingine.

Rangi ibaki. Rimu zing'ae. Jina la mtoto liandikwe kwenye kioo cha nyuma, muziki usikike mchana sokoni. Katana inahitaji vitu vya kupendeza, na kijana anayelipenda gari lake analitunza. Ila likipita usiku karibu na nyumba walimolala waliohama, lipite kwa sauti ya gari, ili mtu aliyeamka ajue ni gari tu na arudi kulala.