Klipu ya Kuchoma Mji Mmeiposti, Filamu Hamjaiangalia!

Jamani, leo niacheni niseme. Kuna kaka mmoja wa mjini, jina namhifadhia, yuko kwenye bifu na mshikaji wake wa zamani. Juzi kaposti klipu ya filamu bubu: jamaa ana bastola mbili, kasimama katikati ya baa, anatungua taa kwa risasi, mji mzima unawaka. Juu wamebandika singeli. Kapsheni: "Nikirudi nawasha wote." Wapambe wakajaa na vikatuni vya moto.

Filamu yenyewe ni Hell's Hinges, ya Marekani, mwaka 1916. Mwenye bastola ni Blaze Tracy, kachezwa na William S. Hart. Haya, nani kati yenu kaiangalia toka mwanzo? Ni kama saa moja tu.

Maana huyo mnayemfanya shujaa alianzia upande wa wabaya! Mchungaji kijana anaingia mjini na dada yake, Faith. Silk Miller, mwenye baa, hataki kanisa pale, na wa kuwatimua ni huyohuyo Blaze. Kinachomgeuza ni kumwona Faith. (Ndiyo, gaidi mzima kalainika kwa sura. Msicheke, mnajijua.)

Halafu Silk hahangaiki na risasi. Anamtumia Dolly, mwanamke wa baa, amnyweshe mchungaji. Mchungaji analewa, anaaibika, na mwisho anaongozana na walevi kwenda kuchoma kanisa lake mwenyewe. Anafia hapohapo. Hakuna sauti, ila ile sura ya dada yake juu ya maiti mimi ilinitoa machozi, sioni aibu kusema.

Blaze hakuwepo. Anarudi, anamkuta Faith na maiti ya kaka yake, ndipo anakwenda baa kufanya hayo mliyoyakata mkayaposti.

Kwa hiyo kaka, moto wa kwanza uliwashwa na wapambe, tena kwa msaada wa mtu waliyemlewesha wenyewe. Na wewe wapambe unao, wanakujaza kila siku. Blaze baada ya kuchoma hakupata mji, uligeuka majivu. Kaondoka na msichana aliyefiwa.

Haki miliki yake Marekani imeshaisha, kuiangalia ni bando lako tu. Iangalie yote, halafu njoo utuambie wewe hapo ni Blaze au ni yule mchungaji.