Mufwankolo na Ukubwa Usiogawanywa

Katika nyumba nyingi za kwetu, kuku akipikwa, firigisi haikatwi vipande. Huwekewa baba au mgeni wa heshima, naye huila peke yake. Watoto huona na kunyamaza. Tena katika lugha nyingi za Katanga na za jirani, mtu atawazwaye husemwa kwamba "ameula" utawala. Ndiyo maana methali isemayo kwamba ukubwa huliwa mzima haimshangazi mtu wa huku. Lakini je, methali hiyo yamsifu mkubwa, au yamwonya? Swali hilo twataka kulitazama leo kwa njia ya kazi ya mwigizaji mmoja wa Lubumbashi.

Jina lake la nyumbani ni Odilon Kyembe Kaswili, lakini watu walimjua kwa jina la jukwaani, Mufwankolo, na kundi lake lote likaitwa kwa jina hilo. Kwa miaka mingi waliigiza jukwaani, redioni na katika televisheni, kwa Kiswahili kile kile kinachosemwa sokoni, migodini na katika vituo vya reli, toka Lubumbashi hata kwetu Kasaji. Hawakungoja kujifunza kwanza Kiswahili cha vitabu.

Mwaka 1986 Johannes Fabian, mtaalamu wa mila na desturi aliyefundisha katika chuo kikuu cha Lubumbashi miaka ya 1970, aliwauliza maana ya methali ile, ambayo yeye aliisikia kwa Kifaransa. Hawakumjibu kwa maneno machache. Waliketi wakashauriana, kila mmoja akitafuta methali iliyo sawa katika lugha ya kwao, kisha wakaamua kuifanya mchezo. Hakuna aliyeandika maneno ya kukariri. Walipanga kisa, wakakigawa katika sehemu, wakajulishana nani ataingia wapi na kwa shauri gani; maneno yenyewe kila mwigizaji aliyatunga kinywani mwake. Baada ya mazoezi walikwenda katika kijiji cha Kawama, karibu na Lubumbashi, na mchezo ukapigwa picha kwa ajili ya televisheni, uonyeshwe katika sikukuu ya Uhuru ya tarehe 30 Juni.

Kisa chake ni hiki. Kijiji kina mkubwa wake na wazee wake. Amri za mkubwa zaanza kudharauliwa, wazee nao wataka sehemu ya ukubwa, na maovu yaongezeka kwa kuwa hakuna anayemwogopa mwingine. Mwishoni mkubwa ashika tena utawala wake, na utaratibu warudi.

Msomaji akumbuke siku zile. Nchi iliitwa Zaire, chama kilikuwa kimoja tu, Mobutu alikuwa ametawala tangu mwaka 1965, na televisheni ilikuwa ya serikali. Aliyetaka kusikia kwamba ukubwa haugawanywi, aliusikia mchezo ukisema hivyo. Lakini sisi twaona kwamba mtazamaji mwenye macho aliona na jambo la pili: mkubwa alaye peke yake hutazamwa na wengi wenye njaa. Mufwankolo na wenzake hawakumtukana mtu wala hawakumhubiria mtu. Waliiweka methali mbele ya watu kama shauri liwekwavyo mbele ya baraza, wakamwachia kila mmoja aamue.

Jambo hili si la Kongo peke yake. Huko Dublin, mji mkuu wa Ayalandi, alizaliwa mwaka 1888 William Joseph Shields. Mchana alikuwa karani wa serikali, jioni mwigizaji katika jumba la Abbey. Basi, asipate matata kazini, akajiita Barry Fitzgerald. Mwaka 1924, katika mchezo wa Sean O'Casey uitwao Juno and the Paycock, aliigiza baba ajiitaye nahodha, ambaye miguu humwuma kila atajiwapo kazi, huku mkewe ndiye ailishaye nyumba. Huyo ataka firigisi bila kufuga kuku. Mwaka 1926 mchezo mwingine wa O'Casey ulileta ghasia humo humo jumbani, kwa kuwa watu waliona mashujaa wao hawakuheshimiwa vya kutosha.

Baadaye Fitzgerald alikwenda Marekani kuigiza katika sinema. Katika filamu Going My Way ya mwaka 1944 aliigiza paroko mzee, ingawa yeye mwenyewe hakuwa Mkatoliki, na kwa kazi hiyo alipewa tuzo ya Oscar. Paroko huyo aenda kwa Askofu kumlalamikia padri kijana, kumbe kijana ndiye aliyekwisha kupewa usimamizi wa parokia. Mzee aumia moyo, lakini ajifunza kuachia. Basi mwigizaji mmoja alituonyesha watu wawili: mmoja ashikaye ukubwa asioufanyia kazi, na mwingine atoaye ukubwa alioutumikia miaka mingi.

Wazazi, katika nyumba zetu ni nani? Baba atunzaye watu wake huwekewa firigisi kwa furaha. Aamuaye yote peke yake, bila kumwuliza mama juu ya ada za shule wala shamba, huwekewa kwa hofu tu. Chakula ni kile kile, bali nyumba si ile ile.

Nanyi wanafunzi, mnapotayarisha mchezo wa mwisho wa mwaka, msiharakishe kuandika maneno. Chagueni kwanza methali moja ya wazee, mbishane juu ya maana yake, ndipo mpange kisa na kuigiza kwa lugha ya nyumbani. Ila jambo moja msilisahau. Mchezo wa mwaka 1986 haukupotea kwa sababu Fabian aliunasa, akauchapisha kitabuni mwaka 1990 kwa Kiswahili chake pamoja na tafsiri ya Kiingereza. Michezo mingine mingi isiyoandikwa imekwenda na upepo. Mkiisha kuigiza, andikeni daftarini yale yaliyosemwa, pamoja na tarehe na majina ya waigizaji, mkalitunze daftari hilo shuleni.