Mtambo wa Wafumaji Si Pambo

Makala ya toleo lililopita ilidai kwamba katika filamu ya Wanted (2008), mtambo wa kufumia unaotoa majina ya watu wa kuuawa ni pambo tu, na kwamba ukiondolewa hadithi haipungukiwi kitu. Napinga kabisa. Katika kitabu cha katuni cha Mark Millar na J. G. Jones kilichozaa filamu hiyo, mtambo haumo. Genge la wauaji humo ni la wahalifu, wanaua kwa kuwa wanaweza. Filamu imewapa wauaji asili ya ufumaji na, pamoja nayo, utii: nyuzi zilizokosea njia husomwa kama herufi, na jina likitoka halijadiliwi. Ndiyo maana hila ya Sloan, kiongozi wao, inauma. Jina lake mwenyewe lilitoka, akalificha, akaanza kubuni majina ya wengine. Bila kitambaa kile, angekuwa amesaliti nini? Na Fox, mmoja wa wauaji hao, anapoelezwa kwamba majina yao wote yameshatoka, anaipinda risasi moja iwamalize wenzake waliosimama duara, yeye akiwamo. Anautii mtambo ule ule ambao mwandishi wetu anataka utupwe nje.