Uchovu wa Dirisha la Mapokezi

Saa mbili asubuhi, foleni ya mapokezi katika hospitali ya rufaa huwa imekwisha kufika mlangoni. Karani aliye dirishani hakupanga bei ya vipimo, wala si yeye aliyekata mtandao wa bima. Lakini ndiye mtu wa kwanza ambaye mgonjwa humwona, na hasira zote humwishia yeye. Kufikia adhuhuri amekwisha kusema "Mama, mfumo haujarudi, naomba usubiri" mara zisizohesabika, na kila mara hutakiwa aseme kwa upole kana kwamba ndiyo ya kwanza.

Mwaka 1983 mwanasosholojia wa Marekani, Arlie Hochschild, aliyewachunguza wahudumu wa ndege, aliuita wajibu huu wa kuonyesha uso mwema huku moyo unachemka "kazi ya hisia". Ni kazi kweli, ingawa haimo katika mkataba. Dalili zake huanza kwa kichwa kuuma na usingizi wa mang'amung'amu. Baadaye huja lililo baya zaidi: mtumishi huacha kuhisi, na mgonjwa hugeuka namba ya faili. Shirika la Afya Duniani, katika toleo la 11 la Ainisho la Kimataifa la Magonjwa, halikuuita uchovu huu ugonjwa. Limeuhesabu kuwa hali itokanayo na msongo wa kazi wa muda mrefu usiodhibitiwa. Basi tiba yake nayo itafutwe kazini.

Hapo ndipo viongozi wengi hukosea. Malalamiko ya lugha mbaya yakizidi, huitishwa semina ya huduma kwa mteja. Semina si mbaya, na chai yake huwa nzuri. Lakini kesho yake karani hurudi kwenye dirisha lilelile. Afadhali tangazo libandikwe mara mtandao unapokatika, na watumishi wapokezane dirishani kila baada ya saa chache. Tena afisa ustawi wa jamii akae jirani na dirisha, kwa kuwa yeye ndiye ashughulikiaye msamaha wa malipo. Karani asiye na uwezo wowote ila kuomba radhi huchakaa upesi.

Mgonjwa aliyetoka Bagamoyo alfajiri akaambiwa arudi kesho ana haki ya kukasirika. Hasira hiyo aiandike, imfikie mkurugenzi, mwenye uwezo wa kufungua dirisha la pili.