Jim Thorpe tusiwaachie watu wa michezo

Wenzangu wa kitivo wanaopenda michezo wanamjua Jim Thorpe kwa medali mbili za dhahabu alizopata Stockholm mwaka 1912. Wachache wanajua kwamba alikuwa pia mchezaji wa mpira wa Kimarekani, ule wa kubeba mikononi na kuangushana, na kwamba mwaka 1920 alichaguliwa rais wa kwanza wa shirikisho ambalo leo ni NFL. Wote wanaisimulia habari yake kama ngano: mtoto maskini wa Wenyeji wa Amerika, shule ikamwokota, kocha Pop Warner akamnoa, dunia ikamjua. Ngano hiyo siikubali, na sisi tunaosoma lugha ndio tungepaswa kuwa wa kwanza kuikataa.

Shule yenyewe ni Carlisle, Pennsylvania. Afisa wa jeshi, Richard Henry Pratt, aliifungua mwaka 1879, wala hakuficha nia yake: kuua Uenyeji ndani ya mtoto ili abaki mtu. Watoto walinyolewa, wakapewa majina ya Kiingereza, wakaadhibiwa kwa kusema lugha za kwao. Msomaji aliyewahi kuchapwa darasani kwa neno moja la nyumbani hahitaji maelezo zaidi.

Thorpe alifika huko mwaka 1904. Kwao, katika taifa la Sac and Fox, aliitwa Wa-Tho-Huk, jina linalotafsiriwa Njia Angavu. Tazameni linavyoandikwa: vipande vitatu kama alivyovisikia Mwingereza, bila alama ya irabu ndefu, na katika lugha hiyo urefu wa irabu hubadilisha maana. Mwaka 1907, Thorpe akiwa bado Carlisle, William Jones, mwana wa taifa hilohilo aliyesomea kwa Franz Boas, alichapisha kitabu kizima cha masimulizi katika lugha ya Fox, ambayo na Kisauk ni ndugu wa karibu sana. Baadaye Bloomfield alijengea juu ya data hizo isimu linganishi ya lugha za Algonquian. Kwa hiyo lugha iliyotosha kwa sayansi haikutosha kwa bweni la watoto.

Watetezi watasema mpira aliujifunzia Carlisle. Ni kweli. Mwaka 1911 waliishinda Harvard 18 kwa 15, na Thorpe peke yake alipiga mikwaju minne ya kupitisha mpira kati ya milingoti. Mwaka uliofuata wakaifunga timu ya chuo cha jeshi 27 kwa 6, na upande wa wanajeshi alikuwemo kijana Eisenhower. Lakini mpira huo uliingizia shule fedha na sifa. Mwaka 1913, ilipojulikana kwamba Thorpe alikuwa amelipwa senti kidogo kucheza besiboli, barua ya utetezi ilitoka na saini yake, ikisema yeye ni mwanafunzi tu wa Kihindi asiyejua mambo. Wanahistoria wengi wanaamini Warner ndiye aliyeitunga. Shule iliyodai kumfundisha kusema ilimsemea siku aliyohitaji sauti yake. Medali zikachukuliwa. Familia yake ilipewa nakala mwaka 1983, na ni mwaka 2022 tu alipotambuliwa tena kuwa mshindi pekee.

Hesabu ya medali imefungwa basi, na magazeti yamefurahi. Hesabu ya lugha haijafunguliwa. Wasemaji wazawa wa Kisauk leo ni wachache sana, wengi wao wazee, na taifa lenyewe linajitahidi kuifundisha upya. Katika kozi zetu za kufa kwa lugha tungeanza na mtu huyu badala ya jedwali.

Hata kaburi lake ni somo la majina. Alikufa mwaka 1953, na mjane wake akakubali azikwe katika mji mmoja wa Pennsylvania uliokuwa ukitafuta watalii. Mji huo uliitwa Mauch Chunk, jina la Kilenape lenye maana ya mlima wa dubu. Ulilifuta ukajiita Jim Thorpe, kwa Kiingereza. Wanawe walidai mahakamani arudishwe Oklahoma. Mwaka 2015 Mahakama Kuu ya Marekani ikakataa kuisikiliza kesi, na bado yuko hukohuko.